Mwaka Nilioigandisha Saa ya Bibi

Wiki iliyopita friza yetu ilikufa. Haikuugua wala haikuaga. Ilikoroma mara moja kama mzee anayegeukia ubavu wa pili, ikanyamaza. Asubuhi nilipofungua mlango wake, harufu ikanipiga usoni: nguru aliyeanza kulainika, barafu inayoyeyuka, plastiki ya mifuko, na nyuma yake kabisa harufu ya mafuta ya mashine, ambayo naapa haikuwemo. Mume wangu akauliza mbona nimesimama kama mtu anayengoja lifti. Nilikuwa nimerudi kwenye umri wa miaka saba, mbele ya friza nyingine, katika fleti yetu ya Al Qusais, na mikononi nina kitu ambacho si samaki.

Wenzangu mliokulia mji huu mtanielewa. Ndugu zetu walioko Unguja hudhani sisi tulikulia kwenye jua. Jua lipi? Sisi tulikulia kwenye AC. Majira yetu yalikuwa mawili tu, ndani na nje, na kuanzia mwezi wa sita nje palikuwa hapafai hata kwa shetani. Angetoka na mwavuli, akarudi ndani kuomba maji. Kwa hiyo kwa mtoto wa Dubai, fundi wa AC hakuwa fundi tu. Alikuwa karibu na daktari, na kidogo karibu na malaika. Na fundi mkuu kuliko wote, kwa ushahidi wangu usiopingika, alikuwa baba yangu.

Baba alifanya kazi katika kile tulichokiita nyumbani Kituo. Ubao wa langoni ulikuwa na jina refu la Kiarabu na la Kiingereza, na Baba alitutafsiria kuwa ni Kituo cha Kuangalia Wakati na Pande Nyingine. Kilikuwa nje ya mji, ukishapita maghala ya mwisho, jengo jeupe lisilo na madirisha, nusu yake imezama mchangani kama yai lililotagwa na ndege mwenye haraka. Wengine hujenga vituo vya kuangalia nyota. Hawa walikuwa wakiuangalia wakati wenyewe. Walikuwa na saa zisizo na springi wala betri, zinazohesabu mtikisiko wa chembe ndogo kuliko vumbi la vumbi. Baba alisema zingewashwa siku Nuhu alipopanda safina, leo zingekuwa hazijakosea hata kwa kupepesa jicho. Na walikuwa na njia ndefu chini ya ardhi, mwanga unatumwa unakwenda na kurudi, wakitafuta pande ambazo macho yetu hayazioni. "Sisi tunajua urefu, upana na kimo," Baba alinieleza huku akinimenyea chungwa. "Wao wanasema wakati nao ni upande, wa nne. Na huenda upo mwingine, umejikunja tu hatuuoni."

Sasa, katika jumba lote lile lenye madaktari wa sayansi wa kila taifa, kazi iliyokuwa haina mchezo ilikuwa ya Baba. Chumba cha saa kilitakiwa kiwe na baridi ileile, usiku na mchana, mwaka mzima. Joto likipanda unywele mmoja tu, zile saa za Nuhu zinaanza kupotoka. Baba alikuwa akiamka kitandani kwa wasiwasi wa unywele huo. Mama yangu, aliyekuwa mapokezi katika kliniki moja ya Oud Metha na hakuwa mtu wa kumung'unya maneno, alisema mumewe anakijua kifua cha mashine zile kuliko anavyojua tarehe ya harusi yao. Baba hakukanusha upesi kama ilivyotakiwa.

Mimi niliyasikia yote hayo, nikayapanga kwa akili yangu ya miaka saba, na hesabu ikatoka safi kabisa. Samaki akikaa nje anaharibika. Akikaa kwenye baridi anadumu. Baba anauweka wakati kwenye baridi. Kwa hiyo Baba anazuia wakati usiharibike. Leo nimesoma skuli ya jioni miaka minne, nikamaliza, cheti changu kipo ukutani kwenye fremu kubwa kuliko dirisha la jikoni, na bado nasema katika maisha yangu sijapata kufikiri kitu kilichonyooka namna ile.

Mwaka huo ndipo Bibi alipokuja. Bi Zuhura, mama yake Baba, alitokea uwanja wa ndege kwenye mlango wa kioo uliofunguka wenyewe. Dakika moja hayupo, dakika ya pili yupo, na baibui lake, na harufu ya karafuu, na miwani imepanda juu ya kichwa huku yeye akiitafuta mkobani. Mimi nikakata shauri palepale kwamba Unguja ni mojawapo ya zile pande zilizojikunja.

Mkononi alikuwa na kitu kilichofungwa kwa kanga tatu. Askari wa uwanjani alikifunua kanga ya kwanza, ya pili, ya tatu, kwa adabu inayoongezeka, kama anayemfunua mtoto mchanga. Ndani mlikuwa na saa ya mezani, ya kutia ufunguo, ya shaba, kubwa kama balungi, yenye mlio wa tiki mzito uliosikika vyumba vyote. Na saa hiyo ilikuwa na tabia zake. Mnajua kwetu mshale ukisimama kwenye tatu tunasema saa tisa, na hakuna anayeona ajabu. Saa ya Bibi haikuhitaji tafsiri. Ilipoonyesha tisa ilikuwa saa tisa. Kila jioni adhana ya magharibi ikianza, Bibi aliifungua kioo, akaisukuma mishale kwa kidole, ikalala pale pale kwenye kumi na mbili. Siku inaanza. Siku nyingine aliisukuma mbele unywele, nyingine akairudisha nyuma, maana jua halichoki kubadili mawazo. Bibi ndiye mgeni pekee niliyemwona akishuka Dubai asiulize hapa saa ngapi. Aliketi, akangoja jua.

"Saa za watu wote humu ndani zinaambizana," alinambia jioni ya kwanza. "Hii yangu inauliza kwa mwenyewe, jua."

Miezi ile ilikuwa ya sukari. Bibi alinifundisha kukuna nazi ya kopo, yaani kulifungua kopo kwa heshima kama vile tumeikuna. Alinisuka nywele hadi macho yakawa yananivutika kama ya Mchina. Alimwita mlinzi wa jengo letu "mwanangu", na dereva wa teksi "mwanangu", na ofisa mmoja aliyekuja kukagua mita ya umeme akaondoka na maandazi sita. Nilikuwa sijapata kuwa na mtu wangu peke yangu mchana kutwa; Baba na Mama walikuwa watu wa jioni.

Kisha asubuhi moja, chai mezani, Baba akamwambia Mama kwa sauti ya chini, "Viza ya mama haiongezeki tena. Siku zake zimebaki sita."

Siku zimebaki sita. Nililijua neno kubaki. Mchele hubaki, kisha unakwisha, tena unakwisha Alhamisi wakati duka lina foleni. Nilimtazama Baba nikingoja aseme la maana, kwamba atazipeleka kazini siku za mama yake zikakae na zile nyingine. Hakusema. Alikunywa chai akaenda zake. Nikaona, masikini, mtu akiwa fundi mkubwa husahau nyumba yake mwenyewe. Hata AC ya chumbani kwao ilikuwa inavuja.

Basi nikaifanya kazi yeye alipokuwa hayupo. Bibi aliposali adhuhuri akajinyoosha, mimi nikapanda stuli, nikaishusha ile saa kwenye ubao wake wa ukutani, nikaikumbata kifuani ikinigonga kama moyo wa pili, nikaenda jikoni. Friza yetu ilikuwa ya kusimama, kubwa, unaweza kumlaza ngamia ukibana magoti yake. Nikatafuta mahali pazuri, penye baridi ya uhakika. Nikaiweka baina ya nguru na mfuko wa kisamvu, uso ukitazama nje ili isiogope. Nikafunga mlango. Nikaweka sikio. Tiki, tiki, tiki, polepole. Nikafurahi sana. Wakati ulikuwa umeanza kupunguza mwendo.

Alasiri Bibi aliamka akaukuta ubao mtupu. Hakupiga kelele. Alitazama chini ya kitanda, nyuma ya pazia, ndani ya sufuria. Alinitazama mimi, nami nikawa nimeshughulika sana na kidole changu cha mguu. Mama aliporudi kwa basi akamkuta yuko kwenye magoti anachungulia chini ya kochi. "Mama, unatafuta nini? Miwani iko kichwani."

"Saa, mwanangu. Saa imetoka."

"Itatoka iende wapi, na joto hili?" Mama akavua viatu, akaingia jikoni kutoa samaki wa jioni, na mara tukasikia ukelele ambao nina hakika ulifika Sharjah. "Yarabi toba! Imo humu na nguru!"

"Imo inafanya nini?" Bibi akauliza.

"Inaganda, mama!"

Ilikuwa imevaa ukungu mweupe uso mzima. Mishale imesimama saa saba kasorobo. Hakuna tiki. Mama akakimbilia mashine ya kukaushia nywele. Bibi akasema hapana, iwekwe dirishani ipate jua. Wakati wanavutana, Baba akafungua mlango wa nje, bado na sare yake ya kazi, akaona. Sijapata kumwona Baba akiruka namna ile. "Msiiguse! Msiipashe!" Aliichukua kama yai, akaitia kwenye mfuko wa plastiki, akakamua hewa, akafunga mdomo kwa mpira. "Ikipata joto sasa hivi itatoka jasho ndani. Maji yakiingia kwenye springi, khalas, kutu. Jasho litoke nje ya mfuko, si ndani ya saa." Ndipo akauliza, bila hasira, swali ambalo nililiogopa. "Nani?"

Hapakuwa na watuhumiwa wengi.

"Kwa nini, Rukia?"

"Siku za Bibi zimebaki sita," nikasema. "Nilitaka zisiharibike. Kama unavyofanya wewe."

Nilidhani watacheka. Hakuna aliyecheka. Mama aliweka mashine ya nywele chini. Bibi alikaa kwenye kochi, akaanza kupapasa miwani yake kichwani, akaishusha, akaivaa, akanitazama vizuri.

"Njoo hapa we mwana. Hukukusudia kuiharibu?"

"Nilikusudia idumu."

"Haya." Akaushika mkono wangu. "Saa hii babu yako alinitilia mkononi mwaka tuliooana. Akanambia, Zuhura, magharibi isikupite hujaigeuza. Haijanipita hata moja. Nilipomzaa huyu baba yako niliigeuza nimelala. Siku ya matanga yake niliigeuza." Akautazama ule mfuko uliokuwa umeanza kulowa kwa nje. "Leo labda ndiyo leo."

Hakuisema kwa kunilaumu. Ingekuwa afadhali angenilaumu. Nililia kilio ambacho kama kingekingwa, bwawa la kuogelea la jengo letu lisingehitaji maji ya bomba mwezi mzima.

Baba alitazama dirishani lilipo jua. "Magharibi ni saa moja na dakika kumi na kitu. Mama, vaa baibui. Nyote ingieni garini. Yalla."

"Twende wapi?" Mama akauliza.

"Kwa wanaozijua saa."

Njia nzima Bibi aliipakata saa yake, na mimi nikampakata Bibi, yaani nusu yake niliyoweza kuifikia. Langoni pa Kituo alikuwapo mlinzi, Anko Barasa, Mkenya wa bara, mrefu kama nguzo ya taa, ambaye Baba alimsifia kuwa ndiye mtu pekee pale asiyezungumza Kiingereza cha madaktari.

"Mzee wa baridi! Si umetoka hapa sasa hivi tu? Ama friji imekumiss?" Akainama dirishani. "Karibu mama. Pole na joto ya hii nchi. Na hii kitu kwa plastiki ni nini?"

"Saa," Baba akasema.

Barasa akaangalia saa, akaangalia jengo, akaangalia saa. "Mnaleta saa hapa? Ndugu yangu, hiyo ni kubeba mchanga upeleke jangwani."

"Imegandishwa na binti yangu."

"Wacha!" Akanitazama kwa heshima ambayo hakuna mtu mzima aliyewahi kunipa. "Hata hawa madaktari na mapesa yote hawajawahi simamisha saa. Ingia, profesa."

Ndani, jamani. Nimeingia majumba mengi mjini humu, yenye chemchemi ukumbini na dhahabu chooni, na hakuna lililonipa kizunguzungu kile. Korido ilikuwa kimya mpaka unasikia kope zako. Tulivua viatu. Nyuma ya ukuta wa kioo niliona chumba chenyewe, chumba cha Baba, makabati ya chuma yamejipanga kama maulamaa wametulia, na juu yake tarakimu nyekundu, za mwisho zinakimbia hata hazisomeki. Nikaweka kiganja kwenye kioo. Kilikuwa baridi kama nilivyotaraji. Nikamwangalia Baba, na sare yake, na kitambulisho kinachoning'inia, na nikaona mlango mzito unamfungukia yeye, si mwingine. Fahari iliyonijaa siku ile bado ninayo akiba.

Akatoka mama mmoja mrefu, shela nyeusi, kalamu nyuma ya sikio. Baba akamwita Madam. Alikuwa Daktari Salma, mwenyeji wa hapahapa, mkubwa wa chumba cha saa. Baba akamweleza kwa Kiingereza kilichochanganyika na Kiarabu, na uso wa Daktari ukapita kwenye kushangaa, kucheka, kisha kazi. "Kabati la hewa kavu," akasema. "Yalla."

Hapo ndipo nilipojua nani ni nani duniani. Daktari Salma alikuwa anaweza kupima mtikisiko wa chembe, lakini alipoishika saa ya Bibi aliigeuza huku na huku kama mtu aliyepewa kaa aliye hai. Hakuwa amefungua saa ya ufunguo tangu aache kuwa mtoto. Ni Baba aliyeiongoza. Aliiacha ndani ya mfuko hadi jasho lote la nje likaisha, akaifuta, akaitoa, akaiweka kwenye kabati wanalohifadhia vioo vyao vya thamani. Akapandisha joto kidogo, akangoja. Akapandisha tena kidogo. Mama alitazama saa yake ya mkononi kila baada ya muda. Bibi alikuwa na tasbihi. Mimi nilikuwa nimebana kitambaa cha baibui lake kwa ngumi.

"Polepole," Baba alisema, hata sijui alikuwa akimwambia nani. "Kitu kilichopozwa kwa pupa hakipashwi kwa pupa."

Wakati ule wa kungoja ndipo nilipojikaza. Nikamwendea Daktari Salma, nikamvuta shela, nikamuuliza kwa Kiingereza changu cha skuli kama ndani ya makabati yale mna nafasi ya siku sita. Ndogo tu. Za bibi mmoja.

Hakucheka. Alichutama tukawa sawa. "Hatuwezi kuuweka wakati," akasema. "Tunachoweza ni kuuangalia tu. Kwa uangalifu kuliko mtu yeyote duniani, lakini kuuangalia tu."

"Na baridi ya Baba?"

"Baridi ya baba yako inatusaidia sisi tusikosee. Wakati wenyewe haujali."

Niliona dunia nzima imebomoka. Yaani majengo yote haya, na njia chini ya ardhi, na baba yangu kuamka usiku, na hakuna hata siku moja iliyohifadhiwa! Nadhani aliuona msiba usoni kwangu, maana aliuliza Bibi anarudi wapi. Nikamwambia Unguja. Akachomoa kalamu nyuma ya sikio, akavuta karatasi, akaanza kuandika tarakimu.

Baba akaitoa saa kabatini. Daktari akaifungua mgongo kwa bisibisi nyembamba kama sindano, akatia tone moja la mafuta, na harufu ile ikapanda, ile niliyoinusa wiki iliyopita kwenye friza mbovu. Bibi akatia ufunguo. Mizunguko mitatu. Kimya. Akaitikisa kwa upole kama anayemwamsha mtu sala ya alfajiri.

Tiki.

Barasa, aliyekuwa ameacha lango lake na kuja kuchungulia kinyume cha sheria zote, akapiga kofi moja, akajikumbuka, akarudi mbio.

Daktari Salma alitabasamu kwa furaha, akauelekeza mkono kwenye tarakimu nyekundu. "Mwambie mama, nitampa saa sahihi kuliko zote. Hakuna bibi mwingine duniani atakayekuwa nayo."

Baba akatafsiri. Bibi akashukuru, akaweka mkono kifuani. "Mwambie Mungu ambariki. Lakini hiyo ni saa yao. Mie nangoja yangu."

"Inakuja saa ngapi?" Daktari akauliza.

"Jua likizama."

Baba alipotafsiri hilo, Daktari aliirudisha kalamu nyuma ya sikio. Kisha akasema, kwa Kiarabu, polepole ili Bibi adake maneno anayoyajua, kwamba bibi yake yeye aliishi Al Ras, juu ya duka la viungo, na alikuwa na saa ukutani, na kila adhana ya magharibi alipanda kiti akaisukuma ikakaa kwenye kumi na mbili. Watoto walimcheka. Alipokufa, saa ile ilitupwa. "Na mimi ndiye niliyeibeba kuipeleka pipani," akasema. Bibi hakuhitaji tafsiri. Akampapasa shavu. "Mwanangu," akamwambia.

Tukatoka sote nje, kwenye ngazi zinazotazama magharibi. Joto lilikuwa bado la tanuri, na hakuna aliyelalamika. Wakafuata na vijana wawili wa maabara, na fundi mwenzake Baba, na Barasa akatuona kutoka langoni akasimama wima kama kwenye wimbo wa taifa. Nyuma yetu, ndani, saa bora kuliko zote ziliendelea kuhesabu chembe zake, na mabwana zake wote wako nje, shingo ndefu, wanamngoja bibi mmoja wa Unguja. Jua likawa jekundu, likakaa juu ya mchanga, likazama kana kwamba limekatwa kisu. Kutoka msikiti mdogo wa kambi ya wafanyakazi, mbali, adhana ikaanza.

Bibi akanipa mimi saa.

"Sukuma," akasema. "Kwa kidole. Usiikimbize."

Nikasukuma. Mishale ikapita saa saba, nane, tisa, ikafika juu ikalala mmoja juu ya mwenziwe. Haikumpita hata ile.

Kabla hatujaondoka, Daktari Salma alinipa ile karatasi, akanieleza tarakimu zake, na Baba akanieleza tena, na nilizielewa sawasawa miaka mingi baadaye, darasani jioni, mwalimu akichora dunia imeinama ubaoni na mimi nikilia mstari wa mbele bila aibu. Kwa saa za serikali, Unguja na Dubai zimepishana saa nzima. Lakini joto likiwa kali kabisa, miezi hii hii, jua likizama kwetu, linazama Unguja dakika tano tu baadaye. Dakika tano! Kwa saa ya Bibi, hatukuwa mbali hata kidogo.

Siku sita ziliisha kama zilivyoahidi, na mlango wa kioo ukammeza Bibi upande wa pili. Saa aliniachia mimi. Yeye alikwenda na nyingine aliyoinunua sokoni Al Ras, ya plastiki, ya rangi ya waridi, yenye jogoo anayedonoa kila sekunde. Jioni yake ya kwanza kwao nilipanda stuli, adhana ikaanza, nikasukuma. Nikakaa chini ya simu kuhesabu dakika tano. Zikapita tano. Zikapita sita. Simu ikalia.

"Umegeuza?"

"Nimegeuza, Bibi. Umechelewa dakika moja."

"Nilikuwa natafuta miwani. Haya, na mie nageuza. Tulia usikie jogoo."

Tuliendelea hivyo miaka. Baridi ikija, Bibi alisogea mbali. Kufikia mwezi wa kumi na mbili nilimngoja karibu saa mbili nzima, nishakula, nishaoga, nasinzia juu ya daftari. Kisha joto likirudi, watu mjini wanalaani, mimi nikawa nahesabu kwa furaha: dakika arobaini, ishirini, kumi. Sidhani kama yuko mtu mwingine Dubai aliyewahi kuupenda mwezi wa sita. Na mimi niliyekuwa nimeamini baridi ndiyo inayomweka mtu!

Bibi alikufa mwaka jana, wakati wa baridi, yuko mbali kwa saa mbili. Fundi wa friza alikuja juzi, kijana mchangamfu, akaipandisha joto na kuishusha kwa pupa hadi nikatamani Baba angekuwapo kumfundisha adabu. Alipoondoka, adhana ilikuwa inaanza na nje palikuwa panachemka. Nikapanda stuli, nikasukuma mishale ikalala kwenye kumi na mbili, nikakaa nikahesabu dakika tano.

Nikaongeza moja, ya kutafuta miwani.